Sunde ya Kikorea Isiyopasuka: Mwongozo Kamili, Tangu Jina Hadi Sahani

Picha ninazotumiwa na wanaojaribu kupika sunde, utumbo wa nguruwe uliojazwa tambi na damu, zinafanana. Maji yamegeuka rangi ya matope, tambi zinaelea juu, na utumbo umelala chini ya sufuria umechanika kutoka mwanzo hadi mwisho. Maneno yanayofuata nayo yanafanana: "Nimefuata kila kitu, mbona imepasuka?"

Nimejibu mmoja mmoja kwa muda mrefu, sasa naandika mara moja kwa wote. Wengi wanaokwama ni watu hodari jikoni, na baadhi yao ni mafundi wa mutura, soseji ya utumbo ya Kenya. Nadhani hapo ndipo shida inapoanzia. Mutura ni nyama iliyoshikwa na damu. Sunde ni wanga ulioshikwa na damu. Nyama ikipata moto husinyaa, wanga ukipata moto hunywa maji na kuvimba. Ukiijaza sunde kama mutura, umeitega ipasuke.

Kila hatua hapa chini inatokana na mambo mawili: wanga unataka nafasi ya kuvimba, na damu inataka moto mpole ili igande taratibu kama yai.

Kwa Muislamu, nguruwe na damu ni haramu, na kwa Msabato halikadhalika. Sitajifanya kuna njia ya mkato. Soma Hatua ya 1 kuhusu majina, kwa sababu itakulinda ukiwa mgeni Korea, kisha, kama dini yako inakuruhusu ngisi, nenda mwisho wa mwongozo kwenye sunde ya ngisi, ambayo haina utumbo wala damu na ni ya Kikorea halisi.

## Mahitaji

Kipimo hiki kinatosha watu sita.

Vya kujaza:

- Utumbo mwembamba wa nguruwe, mita 3 (utatumia kama mita 2 na nusu, sehemu inayobaki ni akiba)
- Damu ya nguruwe, mililita 400
- Tambi za dangmyeon kavu (za wanga wa viazi vitamu), gramu 120
- Mchele wa kunata, gramu 150
- Nyama ya nguruwe ya kusaga yenye mafuta kiasi, gramu 200
- Machipukizi ya choroko, gramu 150
- Kabichi, gramu 150
- Vitunguu vya majani, gramu 80
- Kitunguu saumu punje 6, na tangawizi kipande cha ukubwa wa kidole gumba
- Doenjang (soya iliyochachushwa, ya rangi ya kahawia), vijiko 2 vya chakula
- Mafuta ya ufuta, vijiko 2 vya chakula
- Unga wa mbegu za deulkkae (perilla, mmea wa jamii ya mnanaa), vijiko 3 vya chakula. Ukikosa, kaanga ufuta usage
- Chumvi kijiko 1 na nusu cha chai, pilipili manga kijiko 1 cha chai

Vya kusafishia: chumvi ya mawe, unga wa ngano vikombe 2, siki.

Vyombo: sufuria pana, chujio, uzi wa pamba, sindano, faneli yenye mdomo mpana, na kipimajoto cha jikoni. Faneli ikikosekana, kata chupa ya plastiki ya maji katikati, tumia nusu ya juu. Kipimajoto sina mbadala wake wa uhakika. Kama una pesa ya kununua kifaa kimoja tu kwa kazi hii, nunua hicho.

## Hatua ya 1: Jua jina la unachonunua

Nimeliweka jina mbele kwa sababu limeharibu manunuzi ya watu wengi.

Kwa Kikorea huandikwa 순대. Irabu ya mwisho, ㅐ, ina sauti ya "e" yetu, kwa hiyo mtu wa Seoul akilitaja sisi tunasikia "sunde". Ndivyo ninavyoliandika hapa. Kwa herufi za Kilatini sauti hiyo huandikwa "ae", basi neno linakuwa "sundae", herufi kwa herufi sawa na jina la aiskrimu ya Kimarekani inayomwagiwa chokoleti. Maneno hayo mawili hayana undugu wowote. Ukitafuta mtandaoni kwa herufi za Kilatini utaletewa bakuli za aiskrimu. Nakili herufi za Kikorea, 순대, ndipo utafute.

Jina lenyewe hufuatiliwa hadi kwenye Kimanchu, lugha ya majirani wa kaskazini wa Wakorea. Huko *senggi* ni damu na *duha* ni utumbo. Ukikubali asili hiyo, basi jina lilikuwa maelezo tu ya kitu chenyewe: utumbo wa damu. Neno la Kikorea la damu ya mnyama inayopikwa, 선지 (seonji), nalo huhusishwa na *senggi* hiyo hiyo. Likumbuke, utalihitaji dukani.

Lakini neno limetembea. Leo sunde ni kitu chochote kilichojazwa namna hiyo, hata kama hakina utumbo. Neno linalotangulia ndilo linalokuambia unakula nini:

Pisundae (피순대). *Pi* ni damu. Hii ni ya Jeonju, damu nyingi na tambi kidogo au hakuna kabisa. Ni laini sana. Usianze nayo.

Abai-sundae (아바이순대). *Abai* katika lahaja ya Hamgyong, mkoa ulioko leo Korea Kaskazini, ni baba au mzee. Watu waliokimbia vita vya 1950 hadi 1953 walikaa Sokcho, pwani ya mashariki, karibu na mpaka, wakiamini watarudi kwao baada ya muda mfupi. Hawakurudi. Mtaa wao unaitwa Abai hadi leo, na sunde yao hutiwa kwenye utumbo mpana, wenye mchele wa kunata mwingi. Kipande kimoja kinajaza kiganja.

Chalsundae (찰순대). *Chal* ni kunata. Kwenye pakiti na vibanda vya mitaani neno hili kwa kawaida linamaanisha ile ya tambi za dangmyeon, nyeusi inayong'aa. Tunayopika leo ni ya ukoo huu, ila nimeiongezea wali na mboga.

Ojingeo-sundae (오징어순대). *Ojingeo* ni ngisi.

Baek-sundae (백순대). Hapa tahadhari. *Baek* ni nyeupe, na mgeni hudhani maana yake ni sunde isiyo na damu. Mtaa wa Sillim, Seoul, wenye jengo zima la migahawa ya sunde, "nyeupe" ni ile iliyokaangwa bila mchuzi mwekundu wa pilipili. Damu imo ndani kama kawaida. Usilitegemee neno hilo kama unakwepa damu. Uliza.

Umefaulu ikiwa: umetoka dukani na pakiti iliyoandikwa 당면 (dangmyeon), na nyingine iliyoandikwa 찹쌀 (mchele wa kunata). Tambi za ngano hazifai, huyeyuka zikawa gundi. Mchele wa pilau nao haufai kwa sababu punje zake hujitenga, na hapa tunataka zishikane.

## Hatua ya 2: Damu

Damu ya nguruwe huganda ndani ya dakika chache baada ya kuchinjwa. Mwombe mchinjaji aikoroge kwa mti au mkono safi tangu inapoanza kumwagika, bila kusimama, kwa dakika tano au zaidi. Nyuzi nyeupe zitajikusanya kwenye mti. Hizo ndizo zinazoigandisha, zitupe. Tia chumvi kidogo, kama kijiko cha chai kwa lita, kisha uichuje.

Ukiipata tayari imeganda kama jeli, haijaharibika. Isukume kwenye chujio kwa mkono mpaka ipite. Ila angalia isije ikawa imeshachemshwa. Kwenye maduka ya Kikorea seonji mara nyingi huuzwa ikiwa imepikwa, vipande vigumu vya rangi ya kahawia, kwa ajili ya supu. Hiyo haiwezi tena kushika chochote. Damu hushika mara moja tu, kama yai.

Onyo: damu huharibika upesi kuliko nyama. Inunue kwenye machinjio yenye mkaguzi wa mifugo, iweke kwenye barafu njiani, ihifadhi chini ya nyuzi 4 na uitumie siku ile ile. Ikinuka uchachu, imwage bila majuto.

Umefaulu ikiwa: inamiminika laini kutoka kwenye upawa, nyekundu iliyokolea, bila mabonge.

## Hatua ya 3: Utumbo

Hapa ndipo harufu inapoamuliwa. Walionilalamikia kwamba sunde yao ilinuka zizi, wote nilipowauliza waliosha mara moja au mbili.

Kama umenunua utumbo uliotiwa chumvi kwenye pakiti, umeshakwanguliwa. Uoshe, uloweke maji ya vuguvugu saa moja, kisha pitisha maji ya bomba ndani. Hapo umemaliza.

Kama ni mbichi kutoka machinjioni, fuata mpangilio huu:

1. Bana mdomo wa utumbo kwenye bomba, pitisha maji mpaka yatoke meupe upande wa pili.
2. Ondoa mafuta ya nje kwa vidole. Usivute kwa nguvu, utumbo hutoboka pale yalipojishika.
3. Ugeuze ndani nje. Kunja mdomo kama unavyokunja mkono wa shati, mimina maji kwenye mkunjo huo, na uzito wa maji utaugeuza wenyewe.
4. Upake chumvi ya mawe na kikombe cha unga wa ngano, usugue kama unafua. Chumvi inakwangua, unga unabeba ute. Suuza.
5. Rudia kwa kikombe cha pili. Suuza mara tatu au nne.
6. Loweka nusu saa kwenye maji yenye siki vijiko 2 na vipande vya tangawizi. Suuza, kisha ugeuze urudi ulivyokuwa.

Onyo: utumbo mbichi wa nguruwe unaweza kubeba bakteria wa Yersinia, ambao huwaumiza zaidi watoto wachanga. Aliyeshika utumbo asimshike mtoto wala chupa yake kabla ya kunawa kwa sabuni. Sinki, ubao na kisu vioshwe kwa maji ya moto na sabuni, hata kama macho yanaona ni visafi.

Kisha jaribu matobo: tia maji kidogo ndani, bana ncha zote mbili, uyatembeze. Yakichirizika mahali, kata hapo. Ni heri kuwa na vipande vitatu vifupi vizima kuliko kimoja kirefu chenye tundu.

Umefaulu ikiwa: utumbo ni mweupe unaopitisha mwanga, ukiusugua unalia kama glasi safi, na ukiupeleka puani unasikia siki na tangawizi tu.

## Hatua ya 4: Tambi na wali

Dangmyeon imetengenezwa kwa wanga wa viazi vitamu. Ikiwa kavu ni ya kijivu na ngumu kama waya, ikiiva inakuwa angavu na inavutika.

Usiichemshe. Narudia kwa sababu hili ndilo kosa la pili kwa ukubwa: usichemshe dangmyeon. Iloweke kwenye maji ya vuguvugu dakika 40, mpaka ipinde bila kukatika lakini ukiitafuna ukute kiini kigumu. Chuja, ikate vipande vya sentimita 2.

Sababu ni hii. Damu sehemu yake kubwa ni maji. Tambi iliyolowekwa tu bado ina kiu, na itayanywa maji hayo ndani ya utumbo wakati damu inaganda, ndiyo maana sunde nzuri ni imara na inang'aa. Tambi iliyochemshwa imeshashiba. Maji ya damu yanabaki hayana pa kwenda, na ukikata, uji mwekundu unamwagika kwenye ubao.

Mchele wa kunata uloweke saa tatu, kisha uupike kwa mvuke dakika 20 mpaka uive robo tatu. Huo hauwezi kuachwa mbichi kama tambi, kwa sababu moto wa sunde ni mdogo na punje hazitaiva.

Machipukizi na kabichi vichovye kwenye maji yanayochemka kwa dakika moja, vitoe, vikamue kwa kitambaa safi mpaka mikono ichoke, ndipo uvikatekate. Kila tone unaloliacha humo litatoka baadaye mahali pabaya zaidi.

## Hatua ya 5: Kuchanganya

Anza na vitu vikavu: nyama, wali uliopoa, tambi, mboga, vitunguu, saumu na tangawizi iliyosagwa, doenjang, mafuta ya ufuta, deulkkae, chumvi, pilipili manga. Changanya kwa mkono mpaka doenjang isionekane mabonge. Damu iwe ya mwisho, umimine kidogo kidogo huku unakoroga.

Wali lazima uwe umepoa. Ukiwa wa moto, damu itaanza kuganda kwenye bakuli.

Kabla ya kujaza, onja. Si mbichi! Weka kijiko kimoja kwenye kikaango chenye mafuta kidogo, kiive kabisa kama chapati ndogo, ndipo uonje chumvi. Iwe imepungua kidogo, kwa sababu sunde huchovywa kwenye chumvi mezani.

Umefaulu ikiwa: ukichota kwa upawa na kuinamisha, mchanganyiko unateleza kwa uvivu, vitu vigumu na damu vikishuka pamoja. Ikiwa damu inatangulia na kuacha tambi nyuma, ongeza wali mkono mmoja, subiri dakika kumi.

## Hatua ya 6: Kujaza, na hapa ndipo penyewe

Kata utumbo vipande vya sentimita 40 hadi 50. Funga ncha moja kwa uzi, fundo mbili. Vika mdomo wa pili kwenye faneli, mimina, na usukume kwa kidole gumba au mpini wa mwiko.

Jaza theluthi mbili. Basi.

Najua inavyokuwa. Utumbo unaonekana mlegevu, umelala kwenye sinia kama soksi tupu, na mkono wenyewe unataka kuongeza. Mara yangu ya kwanza niliongeza, nikajaza mpaka ukawa mgumu unaong'aa, na vipande vinne kati ya vitano vilipasuka kabla ya dakika kumi na tano. Bibi mmoja muuza sunde huko Sokcho alinichukulia kipande cha utumbo alichokuwa amekijaza, akakishika katikati kwa vidole viwili na kukikunja. Kilikunjika kabisa, ncha kwa ncha, kama mshipi. "Kikikataa kukunjika," aliniambia, "punguza." Sijawahi kupata kipimo bora kuliko hicho, na ndicho ninachokupa.

Ukishajaza, kamua hewa kuelekea mdomo ulio wazi kwa kupitisha vidole nje ya utumbo. Povu la hewa likipata moto hupanuka na kutafuta mahali palipo dhaifu. Funga mdomo ukiacha upana wa vidole vitatu mtupu kabla ya fundo, halafu sambaza kilichomo kwa kiganja ili unene uwe sawa.

Umefaulu ikiwa: kipande kinakunjika katikati bila kukaza ngozi, na ukikibonyeza alama ya kidole inabaki kwa muda.

## Hatua ya 7: Kupika

Maji yawe mengi, yenye chumvi kidogo na tangawizi. Yapashe mpaka nyuzi 70, ndipo uingize vipande kimoja kimoja, taratibu. Kisha panda hadi nyuzi 80 au 85 na ubaki hapo hapo.

Yasichemke. Maji yanayotokota hufanya mabaya mawili kwa pamoja: yanavimbisha wanga kwa kasi kuliko utumbo unavyoweza kutanuka, na yanavipiga vipande kwenye ukuta wa sufuria. Ukiwa huna kipimajoto, tazama uso wa maji. Unataka yatetemeke, na povu dogo dogo lipande moja moja kutoka chini. Wa Nairobi wakumbuke kwamba kwa mwinuko wa jiji lao maji huchemka karibu nyuzi 94, si 100, kwa hiyo nafasi kati ya "sawa" na "yamezidi" ni ndogo kwao kuliko kwa wa Dar es Salaam.

Weka sahani juu ya vipande visielee, maana sehemu iliyo nje ya maji haiivi.

Baada ya dakika 10 hivi, vipande vitaanza kukaza na kuinuka. Sasa chukua sindano, choma kila kipande mahali pane au patano. Itatoka hewa na tone la damu. Usitumie uma wala ncha ya kisu, tundu la sindano hujiziba na la uma huchanika.

Muda kwa utumbo mwembamba ni dakika 40 hadi 45. Kwa utumbo mpana, saa moja na dakika kumi. Geuza mara moja katikati ya safari.

Onyo: saa isikudanganye. Ndani kuna nyama ya nguruwe na damu, na nguruwe asiyeiva vizuri hubeba mengi, ikiwemo tegu. Choma kipimajoto katikati ya kipande kinene kuliko vyote. Kisome nyuzi 75 au zaidi. Pungufu ya hapo, rudisha.

Kimoja kikipasuka, kitoe mara moja kwa upawa ili kisichafue maji, lakini usizime moto. Vingine havina kosa.

Umefaulu ikiwa: ukichoma sindano inatoka majimaji meupe au ya kahawia hafifu, si mekundu, kipande kimekuwa duara na kigumu, chenye rangi ya kahawia nyeusi, na ukikibonyeza kinarudi.

## Hatua ya 8: Kupumzisha na kukata

Toa vipande, vilaze kwenye ungo au wavu, vifunike kwa kitambaa chenye unyevu. Dakika 15. Usiikate ya moto, kwa sababu wanga unaendelea kukaza inapopoa, na ukikata mapema utatawanya yote uliyoyahangaikia. Usiiache wazi pia. Utumbo hukauka ukawa kama karatasi.

Kisu kiwe kikali na kilichochovywa maji. Kata kwa mshazari, vipande vya unene wa sentimita moja, kwa kuvuta kisu bila kukandamiza. Ukitazama kipande chako utaona ngozi nyembamba pembeni, weusi unaong'aa, na humo ndani tambi angavu zimejipinda pamoja na punje nyeupe za wali na kijani cha vitunguu. Hakuna kinachomwagika.

## Mezani

Korea Kusini mtu anaweza kujulikana kwao ni wapi kwa anachochovyea sunde. Seoul ni chumvi iliyochanganywa na unga wa pilipili. Busan na majirani zake hutaka rojo ya soya iliyokolezwa. Jeolla huchovya kwenye chojang, mchuzi wa pilipili wenye siki. Chungcheong huleta saeujeot, kamba wadogo waliochachushwa kwa chumvi, na Jeju mchuzi wa soya. Kibandani utaulizwa kama unataka na vipande vya ini na pafu pembeni. Ini ni zuri, kavu kidogo, na linapendeza na chumvi ile ya pilipili.

Mabaki yakae kwenye friji siku mbili tu. Yatakuwa magumu na tambi zitakatika, kwa sababu wanga uliopoa hurudi ugumu. Yapashe kwa mvuke dakika 12, ulaini unarudi. Au yatie kwenye supu nzito ya mifupa ya nguruwe pamoja na deulkkae na vitunguu vya majani, ule na wali. Hiyo ndiyo sundae-guk, na kwangu mimi ni bora hata kuliko sunde ya siku ya kwanza.

## Sunde ya ngisi, bila utumbo na bila damu

Hii nayo ni ya Sokcho na pwani ya Gangwon. Kwa wasomaji wa pwani yetu naona ndiyo ya kuanzia, maana ngisi mnampata asubuhi sokoni.

Chukua ngisi wanne wenye mwili wa sentimita 15 hadi 18. Vuta kichwa taratibu ili kitoke pamoja na matumbo na mfuko wa wino bila kuupasua. Toa ule mfupa angavu kama plastiki, menya ngozi, osha ndani, kausha kwa kitambaa. Mikono yake ikatekate, itaingia ndani.

Kaanga gramu 100 za nyama ya ng'ombe ya kusaga mpaka iive kabisa. Sababu ya kuikaanga mapema ni kwamba ngisi anahitaji dakika chache tu, na nyama mbichi isingewahi. Changanya na tofu gramu 150 iliyokamuliwa, kikombe cha wali wa kunata ulioiva, karoti na vitunguu vya majani vilivyokatwa vidogo, saumu, mafuta ya ufuta, chumvi, pilipili manga, na yai moja la kushika.

Nyunyiza unga wa ngano ndani ya kila ngisi, ugeuzegeuze upake kila upande, kisha kung'uta unaobaki. Bila unga huo, ukikata, kilichomo kitateleza kitoke kizima kama kidole kwenye glavu. Jaza theluthi mbili. Kanuni haibadiliki, ila sababu imegeuka: hapa kilichomo hakivimbi sana, ngisi ndiye anayesinyaa. Funga mdomo kwa kijiti cha meno, toboa mwili kwa sindano mahali patatu.

Pika kwa mvuke dakika 12 hadi 15. Ukizidisha, ngisi anakuwa mpira. Acha apoe dakika 10, toa kijiti, kata mapande ya sentimita moja na nusu. Ukitaka kama wanavyouza Sokcho, chovya kila pande kwenye yai lililopigwa, ukaange kwenye mafuta kidogo mpaka yai liwe la dhahabu, ule pamoja na mchuzi wa soya uliotiwa siki. Huko kwetu mimi humkamulia ndimu.